Mkanda wa Rangi wa Mama Fusa

Kijikaratasi cha onyesho kilinifikia asubuhi, nikiwa namenya figili za supu ya wateja wa mchana, na kabla sijafika mstari wa tatu nilikuwa nimeshakitupa sakafuni. "Mwongozaji wa filamu za mwili," ndivyo walivyomwita Kuramochi Tetsuji. "Alitengeneza filamu zaidi ya mia mbili bila kujali ubora." Bila kujali ubora! Mtu aliyenifungia kwenye chumba cha kutia sauti tangu asubuhi mpaka njaa ikaniuma, kwa sababu ya neno moja lililochelewa kuliko midomo yangu! Nilikiokota tena nikakisoma mpaka mwisho, ili nikasirike kwa ukamilifu.

Mimi ni Hisae. Nina duka la chakula nyuma ya kituo cha treni cha Otsuka, viti vichache tu na jiko. Wengi wanaokuja kula hawajui kwamba sura yangu iliwahi kubandikwa kwenye kuta za kumbi za sinema kutoka kaskazini mpaka kusini mwa nchi hii, bega wazi, macho nusu. Wachache wanaojua ni wazee, nao hujifanya hamnazo, wanakula wakiwa wamezamisha macho kwenye bakuli. Zamani wanaume hawa hawa waliingia sinema wamepandisha kola za makoti kama wezi, wakatoka hivyo hivyo, wakaenda nyumbani kuwaambia wake zao kwamba nchi imeharibika. Sijawahi kuwasamehe, ila supu nawauzia.

Kazi yetu ilikuwa hivi. Filamu nzima ilipigwa kwa siku chache, na kampuni haikujali hadithi inasema nini mradi kila baada ya dakika kadhaa litokee godoro na mwanamke juu yake. Sauti hatukunasa. Kamera ilikuwa inanguruma kama mashine ya kukoboa mpunga, kwa hiyo wakati wa kupiga picha maneno yetu hayakwenda popote, kisha tukaenda chumba cha sauti kujisemea upya huku tukiitazama midomo yetu wenyewe ukutani. Mkanda wa rangi nao ulikuwa ghali. Filamu ilikuwa nyeusi na nyeupe, ila ikifika kwenye godoro rangi inawaka ghafla, na ukumbi mzima unaanza kukohoa.

Kampuni ilitoa mkanda mmoja tu wa rangi kwa kila filamu, nao ulikuwa wa ngozi yangu. Vingine vyote, wagomaji wa bandarini, akina mama wanaopanda mpunga kwenye tope, wanafunzi wanaokimbizwa na polisi, Kuramochi alivipiga kwa nyeusi na nyeupe, na hivyo ndivyo alivyovipenda. Alikuwa na haraka, alikuwa na mdomo mchafu, na alivaa koti moja majira yote. Watu walikuja kutazama mgongo wangu na yeye akawaonyesha nchi yao hapo katikati, wapende wasipende. Ndiyo kazi waliyoiita ya mwili.

Mwaka ule bwawa lilipokuwa linajengwa chini ya kijiji cha kina Kuramochi, Kamisawa, kule milimani Gifu, alitupeleka huko tukapige filamu kabla maji hayajapanda. Hadithi yake ilikuwa ya mjane anayekataa kuhama. Mjane ndiye mimi. Yeye aliipa jina *Maji Yanapanda*. Kampuni ikalifuta ikaandika *Mjane Mwenye Kiu*. Njiani, ndani ya gari, alitugeukia wote.

"Sikilizeni. Mama yangu anajua natengeneza filamu za kilimo. Za shule. Mkiulizwa, ni za kilimo."

"Kilimo gani, Mkuu?" akauliza Unno, mpiga picha wetu, mtu mwembamba asiyecheka hata akichekesha.

"Chochote. Viazi."

Mama Fusa alitupokea mlangoni, kichwa cheupe, mgongo umepinda kwa miaka ya mashamba. Alituinamia mmoja mmoja, akatupa chai, kila kitu kikaenda vizuri mpaka Unno na dereva walipoanza kushusha godoro.

"Tetsu," mama yake akamwita. "Hilo la nini?"

"La kupumzikia, mama. Kazi yetu ngumu."

"Na hayo mashuka ya maua?"

"Ya... ya kufunikia vyombo."

"Kumbe siku hizi viazi vinalimwa juu ya godoro."

Unno aliugeukia ukuta, mabega yakawa yanamtikisika. Kuramochi, ambaye nilishamwona akimtukana polisi mbele ya kituo chake, alisimama pale amekuwa mwekundu mpaka masikioni.

"Mama, mimi..."

"Mimi nimezaa watoto watano, Tetsu. Unadhani niliwaokota mtoni?" Akanitazama mimi, kuanzia miguuni mpaka kichwani, bila ubaya wowote. "Ndiye huyu? Mbona mwembamba hivi? Mpeni viazi kwanza. Na ghalani msiende, kuna panya. Chukueni chumba cha nyuma."

Mchana ule, tulipokuwa tunapanga taa chumbani, alikwenda kukaa kwenye ubaraza wa nje wa chumba hicho hicho na kapu la matunda ya kaki, akawa anayamenya na kuyafunga kwenye kamba ili yatundikwe chini ya paa yakauke. Mlango wa karatasi ulikuwa umebaki wazi kidogo, nikawa namwona ubavu. Jirani mmoja alinyoosha shingo juu ya ua.

"Mama Fusa! Mna nini humo ndani? Taa zote hizo?"

"Kilimo," akajibu, bila kuinua kisu. "Nenda kalime na wewe."

Sikuwahi kulindwa na mtu namna ile. Askari waliwahi kutufukuza, wenye nyumba za kulala wageni waliwahi kututoza mara mbili kisha wakaja kuchungulia dirishani, na mama yangu mzazi alikuwa amerudisha barua zangu bila kuzifungua. Huyu bibi tuliyeonana naye asubuhi alikaa pale kwenye baridi ili watu wasinione.

Kuramochi alitoka nje kuangalia jua limefika wapi, na hakurudi. Nikamsikia anaita.

"Unno! Leta kamera huku. Weka mkanda wa rangi."

"Mkuu, rangi ni ya godoro. Tunao mmoja tu."

"Nimesema weka."

"Ogasawara atatuchinja."

"Atuchinje. Mwakani hapa ni maji. Weka, bwana, jua linaondoka!"

Unno akaweka. Mimi nilibaki juu ya godoro, nimejifunika shuka la maua, meno yananigongana, nikiisikiliza kamera ikinguruma uani. Kuramochi alisimama ubavuni mwake. Mama Fusa alimenya tunda moja polepole, ganda likatoka refu bila kukatika, likaanguka kapuni. Juu ya kichwa chake cheupe kamba za matunda zilikuwa zinawaka rangi ya chungwa tupu. Kisha akainua uso, akamtazama mwanawe, akamwambia sentensi moja, akarudi kwenye kisu chake. Mimi niliyekuwa hatua chache nyuma yake nilimsikia vizuri. Yalikuwa maneno ya kawaida kabisa. Nilijivuta shuka mpaka kidevuni nikaendelea kusubiri.

Lile tukio la godoro tulilipiga baadaye kwa nyeusi na nyeupe. Nikawa wa kijivu.

Ogasawara alikuwa mwenye kampuni, mtu wa pete nene na sigara nyembamba. Siku ya kuionyesha filamu ofisini, rangi ilipowaka na badala yangu akatokea Mama Fusa na kisu chake, alinyanyuka akasimama katikati ya mwanga, kivuli chake kikamfunika yule bibi uso mzima.

"Kuramochi! Mwanamke yuko wapi?"

"Si huyo."

"Huyu ni bibi kizee!"

"Ni mwanamke."

"Anavua nini? Anavua nini huyu?"

"Maganda," akasema Unno kutoka kwenye kona yake.

Hapakuwa na muda wa kupiga upya, kumbi zilishapangwa. Filamu ikatoka hivyo ilivyo, watu wakazomea, wakatupa vitafunwa vyao ukutani, na kampuni ikapeleka telegramu kila mji: kateni bibi kizee. Mahali pake wakabandika godoro la rangi kutoka filamu nyingine, mwanamke mwingine kabisa, mwenye baka jeusi chini ya bega. Uso wangu, halafu mgongo wake. Hawakuniuliza, naye nina hakika hawakumuuliza. Mpaka leo kuna wanaume nchi hii wanaodhani nina baka mgongoni, na nikilikumbuka jambo hilo damu inanichemka upya.

Kuramochi hakufukuzwa, maana hakuna aliyemaliza filamu haraka kama yeye. Ila tangu siku hiyo mkanda wa rangi ulifunguliwa mbele ya mtu wa kampuni, akisimama pembeni kama mlinzi wa benki. Alipiga filamu, akapiga nyingine, majina yanabadilishwa nyuma yake, moja inauzwa upya kwa jina la pili na la tatu, mpaka yeye mwenyewe akasahau zipi ni zake na zipi si zake. Kampuni ilipokufa, mikanda yake yote ilipelekwa jalalani pamoja na meza za ofisi. Mtu anajenga maisha mazima, halafu yanabebwa na gari la taka.

Mama Fusa alikuwa ameshafariki zamani, majira ya baridi yale yale waliyohamishwa, kwenye nyumba ya serikali mjini isiyo na ubaraza wala paa la kutundikia kitu. Kuramochi alikwenda mazikoni na suti nyeusi ya kuazima. Mlangoni alimkuta kaka yake mkubwa, Yoshinobu, karani wa halmashauri.

"Wewe rudi," kaka akamwambia mbele ya watu. "Mama amekufa na aibu yako."

Na nyuma ya Yoshinobu walisimama wanaume wa Kamisawa, wote wameinamisha vichwa, wote, ninaapa, walishapanda basi kwenda kuniona mjini. Hakuna aliyefungua mdomo. Kwetu mkubwa ndiye anayebaki na altare ya nyumbani na picha ya marehemu, kwa hiyo Kuramochi alirudi na treni ile ile bila kuchoma hata kijiti kimoja cha ubani, na hakupata picha ya mama yake, hata ndogo ya kutia kwenye pochi. Hili alinisimulia mara moja tu. Hakulia. Mimi ndiye niliyevunja kikombe.

Sasa Kuramochi, ambaye siku hizi namwita Mzee, yuko kwenye makao ya wazee huko Kawaguchi. Jicho moja limekufa. La pili linaona kama unavyoona kwenye kioo cha bafu chenye mvuke, na daktari alimwambia lisingefika majira ya kuchipua. Nilikuwa nampelekea chakula kila siku ninapofunga duka, maana cha pale alikiita gundi.

Ndipo akatokea Mizuhara, msomi wa jumba moja la kuhifadhi filamu hapa Tokyo, mtu wa makamo mwenye miwani safi kuliko nia yake, au ndivyo nilivyoona wakati ule. Alinipigia simu kunieleza kwamba wanaandaa onyesho la kumtukuza mwongozaji Kuramochi. Kumtukuza! Miaka yote wasomi wale walipita mbele ya kumbi zetu wamegeuza shingo. Lakini akaniambia jambo lililonifanya nizime jiko. Kwenye hoteli moja ya maji moto huko kaskazini iliyokuwa inabomolewa, wamepata sanduku. Kule kwenye miji ya maji moto mafundi wa sinema walikuwa na desturi: mkanda ukichakaa, au wakiambiwa wakate kitu, walichukua kila kipande chenye rangi wakakiunga na vingine, bila hata kukitazama, wakawa wanawaonyesha wageni wa hoteli waliokwisha kunywa. Rangi ilikuwa mwili, kila mtu alijua hivyo. Nyeusi na nyeupe walitupa. Na ubavuni mwa sanduku, pamoja na majina mengine, palikuwa na chaki: *Mjane Mwenye Kiu*.

Nilikwenda Kawaguchi siku hiyo hiyo. Mzee alikuwa anakula, akiupapasa wali kwa vijiti.

"Mzee, filamu ya Kamisawa imeonekana. Kipande."

Vijiti vikasimama. "Kipande gani?"

"Cha rangi. Wale wa hotelini walikuwa hawaweki kingine."

Akavilaza vijiti ukingoni mwa bakuli. Kisha akasema, "Basi mama yumo."

"Yumo."

"Kuna neno alisema, Hisae. Mwisho kabisa, akinitazama. Sikusikia, kamera ya Unno ile. Jioni nikamuuliza, akaniambia kama hukusikia basi, akanipa bakuli la viazi. Wakati wa kuunga filamu sikuihangaikia midomo yake." Akafuta mdomo kwa kiganja. "Halafu Yoshinobu akasema vile pale mlangoni. Nikajua mama alisema nini."

"Ulijua nini wewe?"

"Kwamba niyatoe machafu yangu nyumbani kwake. Uso wake haukucheka. Nilikuwa nimesimama mbele yake, niliuona."

Nilipandwa na hasira hata sijui niimwage kwa nani. "Mzee, mimi nilikuwa ndani! Nilimsikia kwa masikio yangu. Alisema..."

"Nyamaza!"

"Hutaki kujua?"

"Wewe ni mwigizaji. Umelia machozi ya uongo mbele yangu miaka na miaka, na mimi ndiye niliyekufundisha kuyalia. Ukiniambia zuri nitajua unanionea huruma. Nitaisoma midomo yake mwenyewe, kabla hili jicho halijazima."

"Mzee kichwa ngumu we!"

"Kichwa ndicho kilichobaki," akasema, akaendelea kula.

Nilirudi nikiwa nabubujika kwenye treni mpaka watu wakasogea. Mtu anabeba jiwe kifuani nusu ya umri wake, na aliyesikia kila kitu anampelekea supu! Na sasa ameniziba mdomo. Basi nikasema sawa, ataiona, na nikaanza kuomba jicho lile lishikilie.

Siku mbili kabla ya onyesho Mizuhara alipiga simu tena, sauti tamu.

"Bibi Hisae, mkanda uko tayari. Umesafishika vizuri sana. Palikuwa na kasoro moja tu, tumeiondoa."

"Kasoro gani?"

"Kipande cha kigeni katikati. Kitu cha kilimo, nadhani, filamu ya shule. Bibi kizee fulani anamenya matunda. Hakihusiani na kazi ya Mwongozaji, kwa hiyo tumekikata ili onyesho liende kwa mtiririko."

Sikumbuki nilimjibu nini. Nakumbuka nimeshafika kwenye jumba lao na aproni yangu kiunoni, inanuka figili, na binti wa mapokezi ananikimbilia nyuma akisema mama, mama, samahani mama.

"Kiko wapi?" nilimwambia Mizuhara.

"Bibi Hisae, karibu, keti kwanza..."

"Sijaja kukaa. Kiko wapi ulichokata? Umekitupa?"

"Hapana, sisi hatutupi kitu. Lakini nielewe, onyesho linahusu..."

"Linahusu mwili! Najua linahusu nini! Ogasawara alimkata yule bibi kwa sababu haonyeshi mwili. Ninyi na vyeti vyenu mmemkata kwa sababu haonyeshi mwili. Tofauti yenu iko wapi? Yeye angalau alikuwa anauza tiketi!"

"Bibi Hisae, huyo bibi kizee ni nani?"

"Ni mama yake! Mama yake mzazi! Hana picha nyingine ya mama yake duniani, na huyo mtu anapofuka!"

Mizuhara alivua miwani. Uso ulimwiva, ukashuka rangi, ukaiva tena. Alifungua mtoto wa meza, akatoa bahasha laini yenye kile kipande, akaishika kwa mikono miwili.

"Hatukujua," akasema. "Hakuna mahali ilipoandikwa."

"Anaishi Kawaguchi. Treni inafika. Mliwahi kwenda kumuuliza?"

Aliniinamia mpaka nikaona utosi wake, akakaa hivyo, na mimi nikamwacha akae.

Onyesho lilikuwa saa za alasiri. Ukumbi ulijaa wanafunzi, maprofesa na akina mama wa mikufu ya lulu, watu ambao zamani wasingekalia viti tulivyokalia. Mkuu wa jumba alitoa hotuba ndefu, akamvisha Mzee kilemba cha ukoka baada ya kilemba cha ukoka, "ujasiri," "uhuru," na bado vile vijikaratasi vya bila-kujali-ubora vilikuwa mapajani mwa watu. Mzee alikuwa mstari wa mbele, kiti chake cha magurudumu kimesogezwa karibu na ukuta wa picha kuliko mtu mwingine yeyote, na lile koti lake la siku zote begani. Mimi nilikaa kulia kwake. Mizuhara alikaa kushoto.

Taa zikazimwa. Ukutani magodoro yakaanza kupita, moja baada ya jingine, bila sauti, bila mwanzo wala mwisho. Mgongo wangu ukapita, mchanga kuliko nilivyoukumbuka. Nyuma watu walicheka kile kicheko cha adabu. Kisha ukuta mzima ukawa rangi ya chungwa.

Mama Fusa alikuwa amekaa ubarazani na kapu lake.

Mtu mmoja huko nyuma aliangua kicheko kwa nguvu, mwingine akapayuka, "Bibi, vua basi!" na ukumbi ukaangua pamoja nao. Nilitaka kugeuka nimtafute. Lakini Mzee alikuwa ameinama mbele mpaka nikahofu ataanguka.

"Ni yeye?"

"Ni yeye, Mzee."

"Fokasi," akasema. Kisha akapaza sauti, ile sauti ya zamani ya kupigia kelele watu wa taa. "Unno! Mjinga wewe, fokasi!"

Kicheko kikakatika. Unno alikuwa amekufa miaka mingi. Picha ilikuwa kali hata ungehesabu nywele za kidevuni mwa yule bibi.

"Fokasi iko sawa, Mzee," nikamnong'oneza.

Aliacha kupiga kelele. Mkono wake ulinitafuta, ukanishika kwenye kifundo cha mkono, ukakaza.

"Naona chungwa. Naona na cheupe. Cheupe ni kichwa chake?"

"Ni kichwa chake."

"Midomo siioni." Alivuta pumzi. "Hisae, siioni midomo."

Ganda lilikuwa linatoka kwenye tunda, refu, karibu linaisha. Nilijua kilichobaki. Ndiyo kazi niliyoifanya ujana wangu wote, nimesimama gizani mbele ya ukuta, nangoja mdomo wa ukutani uvute hewa ili nami nivute. Sikumwomba ruhusa. Nilisimama na mkono wake umeninasa kifundoni. Ganda likaanguka kapuni. Mama Fusa akainua uso, kifua chake kikapanda, changu kikapanda, na tukasema:

"Tetsu, maliza upesi, bwana! Huyo mtoto wa watu yuko uchi humo ndani, atapata baridi."

Akafunga mdomo, nikafunga wangu. Akarudi kwenye kisu. Ukumbini hakuna aliyekohoa.

Mzee hakunigeukia. Aligeukia upande wa pili, alikokaa Mizuhara.

"We msomi. Una macho?"

"Ninayo, Mwalimu."

"Usinipake mafuta kwa mgongo wa chupa. Midomo imelingana?"

Mizuhara alikuwa ameshasimama, miwani mkononi, anajifuta uso kwa mkono wa shati lake safi.

"Imelingana, Mwalimu. Tangu neno la kwanza mpaka la mwisho."

Ukutani godoro jingine lilikuwa limeshawaka na hakuna aliyelitazama. Mzee alikiachia kifundo changu. Akaanza kuhangaika na koti lake, bega moja, bega la pili, hataki kusaidiwa, mpaka akalivua lote akaninyooshea, upande ambao sikuwepo. Nililifuata nikalichukua, nikajitupia mabegani.

"Siku ile," akaniuliza, "ulipata baridi?"

"Nilipata mafua ya kufa mtu."

"Mbona hukusema?"

"Kwani uliniuliza?"

Aliyageuza macho yake yasiyoona kuelekea sauti yangu.

"Sikukuuliza," akasema.